Vipodozi baada ya kuchorwa nyusi: kupaka si kazi, kazi ni kuvitoa

Siku ya tano baada ya kuchorwa nyusi kwa maikrobledingi, yaani kuchanjwa ngozi na kutiwa rangi, nilikuwa na kikao cha kazi nisichoweza kukikwepa, na nyusi zangu zilikuwa zimefikia hatua inayochukiza macho kuliko zote: magamba membamba ya rangi ya kahawa yamebanduka nusu na nusu yameshikilia, na katikati yake vipara vilivyopauka kana kwamba fundi aliruka sehemu. Nilichukua konsila, krimu ya kuficha madoa, nikagusagusa kwa ncha ya kidole kuuzunguka unyusi wa kushoto, kisha nikaziba vile vipara kwa wanja. Kikao kilikwisha salama na hakuna aliyegundua kitu. Usiku, nilipopitisha pamba iliyoloweshwa maji ya kuondolea vipodozi, pamba ilirudi na konsila, na wanja, na vigaga vinne au vitano ambavyo bado vilikuwa vimebeba rangi ya fundi. Mahali vilipong'oka, kwenye mkia wa unyusi, palibaki pametota ute kidogo na panachonyota. Mwezi ulipotimia, unyusi wa kulia ulikuwa kamili, na wa kushoto ulikuwa na pengo la upana wa punje ya mchele.

Karatasi ya maelekezo niliyopewa ilisema nisipake vipodozi kwenye nyusi kwa wiki 2. Agizo hilo ni sahihi, nami niliona kama nimelivunja kidogo tu, kwa kuwa nilipaka kwa mkono mwepesi. Jambo ambalo karatasi haikulisema, na ambalo nimekuja kulielewa kwa hasara, ni kwamba madhara makubwa hayakutokea asubuhi nilipopaka bali usiku nilipotoa. Kila kinachokaa juu ya ngozi lazima kiondolewe, na kukiondoa kunahitaji maji, sabuni au mafuta, pamoja na msuguano. Vitu hivyo vyote ndivyo adui wa kigaga ambacho hakijawa tayari kuanguka chenyewe. Tangu hapo, kabla sijauliza kama kipodozi fulani kinaweza kupakwa, huuliza kwanza kitatokaje.

Inafaa kujua kinachoendelea chini ya kigaga. Katika maikrobledingi fundi hutumia sindano nyembamba zilizopangwa safu moja kama wembe, akachanja mistari inayofanana na nywele na kuingiza rangi humo. Wengine hutumia mashine inayodonoa ngozi na kuacha kivuli laini kama cha poda. Kwa njia zote mbili rangi inakusudiwa kufika sehemu ya juu ya tabaka la pili la ngozi. Iliyobaki katika tabaka la juu kabisa haidumu, kwa sababu tabaka hilo hujifanya upya kwa muda wa wiki 4 hivi na kuidondosha pamoja na magamba. Hivyo kuona rangi katika magamba ni jambo la kawaida, na si dalili kwamba kazi imeharibika. Hasara huja pale gamba linapovutwa kabla ya wakati wake, likang'oka na kile kilichokuwa bado kinaponea chini yake. Zaidi ya hapo, nyusi mpya ni kidonda kilicho wazi chenye mikato mingi midogo, na vipodozi, hata vilivyofunguliwa leo, si vitu vilivyotakaswa kama vifaa vya hospitali. Sponji yenye unyevunyevu iliyolala ndani ya mkoba ni makazi mazuri ya bakteria. Tena wanja na faundesheni vina chembe za rangi zake vyenyewe, na ulanga unaong'arisha, ambazo hazina sababu yoyote ya kuingia ndani ya mkato.

Je, mtu akae uso mtupu wiki 2 nzima? Sidhani kama ni lazima, na maelekezo yanayomtisha mtu asiguse hata midomo yake ndiyo yanayomfanya ayapuuze yote kwa pamoja. Siku mbili za kwanza niliacha uso wote upumzike, kwa kuwa ngozi ya kuzunguka nyusi huwa imevimba kidogo na mikato bado inatoa majimaji. Rangi ya mdomo haina tatizo, ilimradi mikono iwe safi. Baada ya saa 48, mashavu, pua na kidevu vinaweza kupakwa, mradi ubaki mpaka wa upana wa kidole kizima kuuzunguka kila unyusi. Maskara pia inawezekana ikiwa ni mpya, na ikiwa ni ile inayotoka kwa maji ya uvuguvugu. Maskara isiyoingia maji niliiweka kando, kwa sababu haitoki bila mafuta, na mafuta yakishapakwa kwenye kope hayakai kwenye kope; hupanda, yakalainisha vigaga. Kwa sababu hiyohiyo, kope za bandia na gundi yake zisubiri.

Sehemu inayosahaulika ni paji la uso. Mtu huacha nafasi kwa uangalifu pembeni ya nyusi, kisha akapaka faundesheni kwenye paji lililo juu yake, bila kukumbuka kwamba jasho linateremka. Ikifika saa saba mchana, kile kilichopakwa karibu na nywele kimeshatembea na kutua juu ya unyusi. Paji langu sasa huliacha tupu kabisa hadi magamba yote yaishe. Poda ya unga nayo hairuki kwa adabu: brashi ikipigwa shavuni, vumbi lake hupanda, na ukitazama kioo kwa karibu dhidi ya mwanga wa dirisha utaliona limetua juu ya vigaga kama unga wa ngano juu ya chapati. Faundesheni ya krimu, iliyobonyezwa kwa kidole safi, ni afadhali kuliko poda kwa siku hizo. Shedo ya macho yenye kumetameta na dawa ya kupuliza ya kushikiza vipodozi ningezifungia kabatini bila mjadala, kwa kuwa mpulizo hauchagui mahali pa kutua.

Sasa kuhusu kutoa. Ninaanza kwa kunawa mikono kwa sabuni, kisha ninafunga nywele nyuma ili zisibebe uchafu hadi usoni. Ninatumia kitambaa laini kilichofuliwa, kilicholoweshwa kisha kikakamuliwa hadi kisidondoshe maji, pamoja na sabuni ya uso isiyo na manukato, na ninafuta kuanzia chini ya macho kuelekea kidevuni, kamwe si kwa kupandisha. Macho huja baadaye, kipande kwa kipande, huku kidole kimoja kikiizuia ngozi ya juu isivutwe. Vitambaa vya kufutia vinavyouzwa vikiwa vimelowa tayari sivipendi kwa kazi hii, kwani huacha mabaki na humlazimisha mtu kusugua. Kumwaga maji usoni kwa viganja, kama tulivyozoea, kusubiri pia. Maji yenye sabuni na faundesheni hupita moja kwa moja juu ya nyusi. Uso ukishatakata, ninanawa mikono mara ya pili, ndipo ninaposhughulikia nyusi zenyewe jinsi fundi alivyoelekeza: maji safi kidogo, sabuni isiyo kali kwa ncha ya kidole, bila kusugua, na kukausha kwa kubonyeza karatasi laini inayotupwa. Mafundi hutofautiana kuhusu kupaka mafuta ya kuponyesha au kuacha nyusi zikauke, nami ningemfuata yule aliyenichora, kwa sababu ndiye anayejua jinsi alivyochanja. Aliyeagizwa kupaka apake utando mwembamba sana. Unyusi unaong'aa kwa mafuta hunasa kila vumbi la poda linalopita.

Ikitokea kipodozi kimeangukia kwenye unyusi, usikikwangue wala usikifute kikiwa kikavu. Kilainishe kwa maji safi, kisuuze, bonyeza karatasi, basi. Kikibaki kidogo, kibaki. Kitaondoka na gamba.

Vifaa navyo vina lao. Brashi zote zilizogusa uso wangu kabla ya kuchorwa nilizifua kwa sabuni na kuzilaza zikauke, na sponji nikaitupa. Penseli ya wanja inaweza kuchongwa hadi ncha mpya itokee, ila wanja wa kopo uliochovywa brashi ileile mwaka mzima hauna namna ya kusafishwa, na maskara iliyofunguliwa zaidi ya miezi 3 iliyopita haina haki ya kukaa karibu na kidonda. Kuazimana wanja na dada au rafiki, na kujaribu vipodozi vya kuonjesha dukani, viahirishwe. Ikiwa una mpambaji wa kukupamba kwa ajili ya sherehe, mwambie mapema, kabla hajafungua sanduku lake. Wapambaji wengi huanza na nyusi kwa mazoea, mkono ukatangulia kabla maneno hayajafika.

Magamba huisha kati ya siku ya 7 na ya 14 kwa watu wengi, na hapo ndipo jaribu jipya linapoanza. Katika wiki ya pili na ya tatu rangi huonekana kama imetoroka: nyusi huwa hafifu na zenye ukungu, kwa sababu ngozi mpya iliyofunika rangi bado haijatulia. Rangi hujitokeza tena taratibu kufikia wiki ya 4 hadi ya 6. Niliiona hali hiyo nikadhani nimetapeliwa, na nikatamani kujazia kwa wanja mzito kila asubuhi. Kabla ya kufanya hivyo, pitisha kidole safi juu ya unyusi: kama hakikwaruzwi na gamba lolote, ngozi haing'ai kama iliyokazwa, na hakuna maumivu ukibonyeza, unaweza kuanza. Ningeanza na poda mpya ya nyusi kwa brashi laini, si penseli ngumu, na ningepaka unyusi mmoja tu siku ya kwanza, ili kesho yake niweze kuulinganisha na mwenzake.

Kuna hali ambazo vipodozi havipaswi kuzifunika hata kidogo. Maumivu yanayozidi badala ya kupungua baada ya siku ya tatu, joto, uvimbe unaotanuka, usaha au homa ni mambo ya daktari. Maelezo mengi husisitiza wekundu, lakini kwenye ngozi nyeusi wekundu unaweza kujificha, kwa hiyo tegemea zaidi mgongo wa kidole chako kupima joto na ugumu wa ngozi. Mwasho mdogo wakati magamba yanabanduka ni wa kawaida. Mwasho mkali wenye vipele huweza kuwa mzio wa rangi, na mzio wa aina hiyo huweza kujitokeza hata muda mrefu baada ya kidonda kupona. Ukienda kwa daktari, nenda uso mtupu, ili asianze kukisia kipi ni ngozi na kipi ni konsila. Mwenye historia ya makovu yanayovimba, au kisukari, angezungumza na daktari kabla hata ya kuchorwa, na wala si baada ya hapo.

Nyusi zikishapona, karibu kila kipodozi kinaruhusiwa, isipokuwa kwamba krimu zenye retinoli (aina ya vitamini A) na zile zenye asidi za kuchubua huharakisha kufifia kwa rangi. Mimi huzikomesha upana wa kidole kabla ya nyusi, kama nilivyofanya kwa faundesheni. Jua nalo hufifisha. Wakati wa vigaga, kofia yenye ukingo mpana ndiyo kinga, na baada ya kupona ndipo krimu ya kukinga jua ya SPF 30 au zaidi inapofaa kupakwa hadi juu ya nyusi. Kwa uangalifu huo rangi huweza kukaa mwaka mmoja hadi mmoja na nusu, na kwa wengine zaidi. Ngozi yenye mafuta mengi huipoteza mapema.

Pengo la unyusi wangu wa kushoto lilizibwa katika wiki ya 7, niliporudi kwa fundi kwa marekebisho. Aliuliza kama nilipaka kitu siku za mwanzo, nami nikamwambia ukweli, kwa kuwa pengo lilikuwa limeshasema. Vidonda vilianza upya, na siku ya tano, kama iliyopangwa na mtu, iliangukia tena kwenye kikao. Nilikwenda na maskara, rangi ya mdomo iliyokolea na miwani yenye fremu nene, huku magamba yakining'inia yanavyotaka. Mwenzangu aliyekaa jirani alinikazia macho kwa muda, akaniinamia na kuniuliza kwa sauti ya chini kama nimeungua na mvuke. Nikamwambia nimechorwa nyusi. Akasema, "Ah," akafungua daftari lake.