Nchi Tatu kwa Safari Moja

SWALI: Mhariri, mimi na mke wangu tunakusudia kujiunga na kikundi kidogo chenye kiongozi wake, kitakachozuru nchi tatu jirani za ukanda wa joto. Tushughulikie nini mapema?

JIBU: Ndugu msomaji, ikiwa mojawapo ya nchi hizo hudai chanjo ya homa ya manjano, anzeni na hiyo, kwa kuwa cheti chake huanza kutambuliwa siku 10 baada ya kuchanjwa, na afisa wa afya mpakani, akishafungua kile kijitabu cha manjano na kusoma tarehe, hawezi kuhesabu vinginevyo hata kiongozi wenu akimsihi vipi. La kufurahisha ni kwamba tangu mwaka 2016 cheti hicho hutambuliwa maisha yote.

Pasipoti ziwe na angalau miezi 6 mbele. Iwapo njia inawarudisha katika nchi mliyokwisha kutoka, ombeni viza ya kuingia zaidi ya mara moja, jambo ambalo wasafiri wengi, kwa masikitiko yangu, hulitambua wakiwa tayari kwenye foleni ya uhamiaji huku wenzao wakiwasubiri garini.

Waulizeni pia waandaaji kama kiongozi ni yuleyule hadi mwisho au hubadilishwa kila mpaka. Mimi ningependelea yuleyule, maana huyo ndiye atakayekumbuka mkeo anatumia dawa gani.