Ukifungiwa nyumbani kwa sababu ya mchumba wa dini nyingine

Nilikuwa na miaka 23 wajomba zangu waliponitoa Mombasa, eti nyanya ni mgonjwa. Nilimkuta nyanya mzima kabisa. Simu ikachukuliwa, kitambulisho kikachukuliwa, na mlango wa chumba changu ukawa unafungwa kwa nje. Mimi ni binti wa mzee wa kanisa, na nilikuwa nimemwambia baba kwamba nitaolewa na kijana Mwislamu.

Mchumba wangu alipokwenda polisi aliambiwa hayo ni mambo ya familia. Siku ya 12 nilitolewa kwa habeas corpus, yaani ombi kwa Mahakama Kuu kwamba anayemzuilia mtu amlete mbele ya jaji na aeleze anamzuilia kwa haki gani. Wengi hudhani ni ya walioshikwa na polisi tu, kumbe hata mjomba huitwa ajibu. Katika Katiba ya Kenya iko Kifungu cha 51, na Kifungu cha 25 kinakataza haki hiyo kupunguzwa. Kifungu cha 22 kinamruhusu mwingine kukuombea ikiwa wewe huwezi, tena bila ada ya kufungua kesi. Wakili ni malipo mengine.

Hati ya kiapo ya kwanza, yaani maelezo ya maandishi yanayoapiwa kuwa ni kweli na kupelekwa mahakamani, ilijaa mapenzi yetu, picha na jumbe. Wakili alizifuta zote. Jaji haulizwi kama ndoa yenu inafaa. Anaulizwa kama mtu mzima amezuiliwa bila hiari yake. Alichotaka wakili ni umri wangu, tarehe niliyochukuliwa, nyumba niliyomo, na ujumbe niliotuma kwa simu ya jirani: "Nimefungiwa, sikukubali kukaa hapa." Dada yangu, ukiona nyumbani kumechafuka, mwachie rafiki nakala ya kitambulisho chako leo.

Ujue pia kwamba mzazi naye anaweza kulitumia ombi hilo hilo. Kule Kerala, India, baba yake Hadiya, binti aliyesilimu, ndiye aliyekwenda mahakamani. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ya huko ikabatilisha ndoa yake na Shafin Jahan na kumrudisha kwa wazazi, ingawa alikuwa mtu mzima. Mahakama ya Juu iliirejesha ndoa hiyo Machi 2018, baada ya kumsikiliza Hadiya mwenyewe.

Kwa hiyo jiandae kusema mbele ya jaji, na useme machache. Mama alikuwa amekaa mbele yangu analia, na hakuna kitu kilichowahi kuniuma kama kile. Nilipoulizwa nataka kwenda wapi, nilisema kwa rafiki yangu Likoni. Sikutaja kwa mchumba, maana sikutaka mtu aseme nimetolewa mkono mmoja nikatiwa mwingine. Kisha nikaomba kitambulisho changu. Mjomba alikitoa mfukoni mwa shati.