Re: Kovu kooni kwa mtoto mwenye trakeo, wanataka kutumia gegedu la ubavu. Aliyepitia hili anisaidie

Dada, pole, na hongera pia. Kulea mtoto mwenye trakeo miaka miwili si kazi ya mchezo.

Kwa mnaoingia kwenye uzi sasa hivi: dada yetu wa Mwanza ana kijana aliyezaliwa njiti, akawekewa mpira wa kupumulia kupitia mdomoni kwa wiki nyingi, kila wakiutoa anashindwa kupumua, mwisho akatobolewa shingoni na kuwekewa trakeo, yaani bomba la kupumulia. Juzi kamera imeonyesha kovu chini ya kamba za sauti, na daktari amegusia kupanua njia ya hewa kwa gegedu la ubavu, ile sehemu inayopindika kama ya sikioni. Anauliza mambo matatu: ni kweli wanakata ubavu? Mtoto ataongea? Na je, ashinikize ifanyike haraka ili aanze chekechea bila trakeo?

Binti yangu amefanyiwa operesheni hiyo hiyo. Tunaishi Ohio, Marekani, na yeye pia alikuwa njiti. Naanza na swali lako la mwisho kwa sababu ndilo lililonifanya niandike: usishinikize. Operesheni ya kwanza ndiyo yenye nafasi nzuri kuliko zote. Ikifeli, inayofuata inabidi ipite kwenye kovu la zamani pamoja na kovu jipya, na kazi inakuwa ngumu zaidi kwa daktari na kwa mtoto. Trakeo inaudhi, inaogopesha, watu wanakodoa macho kwenye daladala, lakini ndiyo inayomweka hai. Ukiitunza vizuri, inakununulia muda wa kumwandaa.

Sisi tuliahirishwa zaidi ya mara moja. Baba yake alikuwa anatoka kliniki amenuna, anasema hawa wanatuzungusha kwa sababu ya bima. Kumbe walikuwa wanasubiri mambo yanayoeleweka. Kwanza, mapafu: mtoto anayehitaji bado oksijeni nyingi au mashine ya kupumulia, hata koo likipanuliwa, trakeo haitatoka. Pili, asidi ya tumboni kupanda juu. Hii ikifika kwenye kidonda kibichi kooni inakiunguza na kuamsha kovu upya, kwa hiyo wanaitafuta na kuitibu kabla. Tatu, kumeza: kama chakula na maji vinaingia kwenye njia ya hewa, kuipanua kunaweza kuzidisha tatizo. Nne, vijidudu sugu vinavyokaa puani na kwenye trakeo. Wanachukua kipimo na kuvishughulikia, kwa sababu kipande cha gegedu kikipata maambukizi unaweza kukipoteza. Wengine huangalia pia koo la chakula kama lina uvimbe wa mzio. Kwa hiyo daktari akikwambia "bado", muulize ni "bado" ya nini kati ya hayo. Jibu la swali hilo lina thamani kuliko tarehe.

Sasa ubavu. Ndiyo, wanauchukua, lakini hawachukui mfupa. Mbele ya kifua mbavu zinaishia kwenye gegedu, na hicho ndicho wanachohitaji, kipande kidogo tu. Mama mkwe alilia kwenye simu kutoka Tanga akidhani mjukuu atabaki na kifua kilichopinda. Hakuna kitu kama hicho. Kabla ya kufunga kifua humwaga maji kwenye jeraha na kujaza mapafu hewa, wakitazama kama kuna mapovu, kuhakikisha utando wa pafu haukutobolewa. Kwa watoto wa kike wengi hukata pale ambapo mkunjo wa titi utakuja kuwa, ili alama ijifiche akikua. Nilipoambiwa hilo nilijua nipo kwa watu wanaomwaza binti yangu akiwa na miaka ishirini.

Kwa nini kovu linakaa hapo hasa? Chini ya kamba za sauti kuna pete ya gegedu ambayo ni ya mviringo kamili, wakati pete nyingine za njia ya hewa ziko wazi kwa nyuma. Hiyo haitanuki. Mpira ukiibana ngozi laini ya ndani, damu haipiti, panakuwa kidonda, na kidonda kikipona kinajaza ndani kwa sababu hakina pa kwenda. Kwa mtoto mchanga aliyetimia, pale ni kama milimita 5 tu, kwa hiyo uvimbe wa milimita moja ni balaa. Mpira ndio uliomwokoa, na mpira ndio ulioacha kovu. Tatizo hili liliongezeka baada ya madaktari kuanza, miaka ya 1960, kuwaacha watoto wachanga na mpira kwa muda mrefu badala ya kuwapoteza. Mwaka 1972 madaktari Blair Fearon na Robin Cotton, wakiwa Toronto, Kanada, wakaandika kuhusu njia ya kuipasua pete hiyo na kuipanua. Cotton baadaye alihamia Cincinnati, hapa Ohio, na ndiyo maana ukisoma habari hizi mtandaoni mji huo hautoki mdomoni mwa watu.

Kinachofanyika ni hivi: pete inapasuliwa mbele, mara nyingine na nyuma, halafu kipande cha gegedu kilichochongwa kinashonewa katikati, kama fundi cherehani anavyoongeza kitambaa kwenye gauni lililobana. Kovu lenyewe si lazima liondolewe. Upande wa gegedu wenye utando wake huelekezwa ndani, ngozi mpya iote juu yake.

Kuna namna mbili za kuifanya. Ya kwanza, trakeo inatolewa siku hiyo hiyo na mtoto anabaki ICU na mpira wa puani ukishikilia umbo, amelazwa kwa dawa za usingizi siku kadhaa. Ya pili, ambayo sisi tulipata, trakeo inabaki, na ndani ya koo juu yake inawekwa stenti, yaani kifaa cha kushikilia umbo la ndani, kwa wiki kadhaa.

Hapa naomba usome polepole, kwa sababu hiki ndicho kipindi kilichonizeesha. Stenti ikiwepo, juu kumeziba. Trakeo ikiziba makohozi au ikichomoka, mtoto hana njia nyingine ya hewa, hata ile ndogo aliyokuwa nayo zamani. Hakuna kumwacha na mtu asiyejua kubadilisha trakeo, hata kwenda dukani. Mfuko wetu ulikuwa na trakeo ya ziada ya saizi yake, nyingine ya saizi ndogo zaidi, mkasi, kamba za kufungia, mipira ya kunyonyea na mashine yenye betri. Kwa Mwanza, ambako umeme una tabia zake, tafuta pia mashine ya kunyonya makohozi inayokanyagwa kwa mguu. Mpira wa kunyonyea pima urefu mapema, usizidishe ukachubua ndani. Na jiko la mkaa liwe nje, mbali naye.

Kuhusu kuongea. Wakati wa stenti hatatoa sauti, jiandae, kimya chake kitakuumiza wewe zaidi kuliko yeye. Baadaye sauti huja, lakini usitegemee sauti ya kengele. Wa kwangu ana sauti nzito ya kukwaruza, anaongea bila kupumzika na ana mdomo kuliko wote nyumbani. Iwapo watapanua hadi kwenye kamba za sauti kwa nyuma, sauti inaweza kuwa ya kupumuapumua. Muulize daktari waziwazi anategemea kugusa kamba au la. Wakati unasubiri, usingoje sauti ndipo uanze lugha: mfundishe ishara, mwambie majina ya vitu. Watoto wa trakeo wengi huchelewa kuongea, na watu wakiacha kuongea nao wanazidi kuchelewa.

Pia usije ukadhani ubavu ndiyo njia pekee. Kovu changa na jepesi wakati mwingine hupanuliwa kwa puto bila kupasua shingo. Kovu zito sana, mahali pengine hukata sehemu yote iliyoziba na kuunganisha ncha mbili. Daktari Philippe Monnier wa Lausanne, Uswisi, amefanya sana hiyo kwa watoto. Baada yake usishtuke ukikuta kidevu kimeshonwa kiinamie kifuani kwa siku chache, ni ili asivute mshono.

Trakeo yenyewe ilipokuja kutoka, ilitoka kwa hatua: kamera tena, saizi ndogo, kuzibwa kwa kifuniko mchana, kisha usiku akiwa chini ya uangalizi. Tundu la kwetu halikujifunga lenyewe, likashonwa baadaye. Hilo ni dogo.

Kabla ya kwenda tena kliniki, omba ripoti ya kamera kwa maandishi. Tafuta daraja la kovu: kwa kipimo cha Myer na Cotton cha 1994, kuziba hadi asilimia 50 ni daraja la kwanza, 51 hadi 70 la pili, 71 hadi 99 la tatu, na la nne hakuna tundu kabisa. Angalia kama wameandika urefu wa kovu, kama kamba zote mbili za sauti zinatembea, na kama chini ya trakeo pako safi. Andika hayo hapa, bila jina la mtoto wala la hospitali. Kuna wazazi wawili watatu humu wenye watoto wa daraja la tatu na la nne, nitawaita waje waseme.