Maswali yenu kuhusu jina Fumo

Katika safu iliyopita niligusia kwa sentensi moja tu kwamba Fumo ni jina la kiume lililokuwa na heshima kubwa pwani ya kaskazini ya Kenya, na kwamba siku hizi ni nadra kulisikia. Sikutarajia sentensi ile ingeleta barua nyingi kiasi hiki. Leo nafasi yote naiacha kwa maswali yenu. Baadhi nimeyafupisha.

Shikamoo. Mke wangu amejifungua mtoto wa kiume. Baba yangu, ambaye kwao ni mji wa Pate, kisiwani karibu na Lamu, anataka mjukuu aitwe Fumo. Ndugu zangu wanasema hawajapata kulisikia. Maana yake ni nini hasa? (Baba mpya, Malindi)

Marahaba, na hongereni sana. Mungu amkuze.

Fumo maana yake ni mkuu, mtawala, mwenye mji. Kabla halijawa jina la mtu lilikuwa cheo, na lilitangulia jina la mtu kama vile leo tunavyotanguliza Shehe au Mwalimu. Watawala wa Pate na jamaa zao ndio waliolivaa zaidi. Yuko Fumo Madi, sultani wa Pate aliyefariki mwaka 1809, ambaye enzi yake ilikuwa ndefu na ndiyo ya mwisho kuonyesha nguvu ya mji ule. Wako akina Fumo Luti, na yuko Fumo Bakari wa Witu, ambaye nitamzungumzia hapo chini.

Cheo kugeuka jina si jambo geni kwetu. Mwinyi kilikuwa cheo: Unguja ilikuwa na Mwinyi Mkuu, na wa mwisho wao alifariki mwaka 1873. Leo Mwinyi ni jina la ukoo linalojulikana na kila Mtanzania. Jumbe naye alikuwa mkuu wa kijiji, kisha Zanzibar ikapata rais aliyeitwa Aboud Jumbe. Mfaume, jina ambalo bado wapo wanaume wengi wanaoitwa, ni neno lile lile mfalme kwa matamshi ya zamani. Fumo ni ndugu wa majina hayo, ila yeye amesahauliwa. Baba yako hakuokota jina, amelitoa kwao. Mimi ningemsikiliza.

Mimi nilisoma kwenye kamusi kwamba fumo ni mkuki. Sasa mtoto ataitwa Mkuki? (Mwanafunzi, Morogoro)

Kamusi yako haikosei. Kuna fumo ya pili, ambayo ni mkuki wenye bapa pana, na wasomaji wa tenzi wanaijua. Hiyo inakwenda na kitenzi kufuma, yaani kumpiga mnyama au adui kwa mshale au mkuki. Wapo wanaopenda kuziunganisha hizo mbili kwa kusema mkuu alikuwa ndiye mshika mkuki. Ni maelezo yanayovutia, lakini siyashiki, kwa sababu jina la cheo lina ukoo wake mpana ambao hauna habari yoyote na mikuki. Jibu la swali linalofuata litakuonyesha.

Mke wangu ni Mhaya. Aliposikia pendekezo la jina Fumo alikataa katakata. Anasema kwao omufumu ni mganga na mpiga ramli, na hataki mwanawe aitwe mganga. Nimjibu nini? (Mume, Mwanza)

Mwambie shemeji yangu kwamba sikio lake ni zuri sana, maana amesikia udugu ambao wengi hatuusikii.

Omufumu wa Bukoba ni huyo huyo omufumu wa Buganda na Bunyoro, na ni umupfumu wa Rwanda na Burundi. Wasukuma na Wanyamwezi nao humwita mganga kwa neno la shina hilo hilo. Lakini ukienda kusini hadi Malawi, mfumu kwa Kichewa ni chifu. Ukivuka bara lote hadi upande wa Atlantiki, kwa Wakongo, mfumu pia ni chifu, ni bwana mkubwa. Wareno walioandika habari za bonde la Zambezi mwishoni mwa karne ya 16 waliwakuta wakuu wa vijiji wakiitwa fumo, na wakaliandika hivyo hivyo.

Wanaochunguza historia ya lugha za Kibantu wanalirudisha shina hili nyuma sana, kabla watu wa lugha hizi hawajatawanyika kufika walipo leo. Hapo mwanzo lilimtaja mtu mwenye uzito katika jamii: anayeongoza, mwenye mali, anayejua kuponya, anayeulizwa mambo yaliyofichika. Kazi hizo mara nyingi zilikuwa mikononi mwa mtu mmoja. Zilipotengana, watu wa Maziwa Makuu walilibakisha neno kwa mganga, na wengine wakalibakisha kwa mtawala. Pwani ya Lamu na Pate ilichukua mtawala.

Kwa hiyo nyote wawili mna haki. Kama mtaishi Bukoba au kama bibi zake mtoto watalisikia jina hilo kila siku kwa maana ya kupiga ramli, hofu ya mama ni ya kweli na isipuuzwe. Jina linaishi katika masikio ya watu wanaomzunguka mtoto. Kaeni chini mzungumze, na ikibidi mpeni jina hilo liwe la pili.

Wanabhani wa Pate walitoka Oman. Basi Fumo si ni Kiarabu? (Msomaji, Muscat)

Hapana, na kwangu hili ndilo jambo zuri kuliko yote katika historia ya jina hili. Ukoo wa Nabhani, uliotawala Pate, ulijivunia nasaba yake ya Oman. Wangeweza kujiita sultani au maliki peke yake. Lakini mbele ya watu wao walijiita Fumo na Bwana, kwa maneno ya watu waliowakuta pale. Hata washairi waliwataja hivyo: katika utenzi wa Herekali, ulioandikwa Pate mwaka 1728, mfalme anaitwa Fumo Laiti Nabhani. Yaani cheo cha Kibantu na nasaba ya Kiarabu vimekaa pamoja katika jina la mtu mmoja. Anayetaka kumwelewa Mswahili aanzie hapo.

Nyanya yangu anasema jina hilo lina mkosi, kwamba aitwaye Fumo huuawa na mwanawe wa kumzaa. Mimi ni mjamzito na nimeogopa. (Mama mtarajiwa, Mombasa)

Binti yangu, nyanya anamkumbuka Fumo Liyongo. Tulia nikueleze.

Liyongo anasimuliwa kuwa mtu wa Shaka na Ozi, karibu na mahali Mto Tana unapoingia baharini. Alikuwa mrefu kupita kiasi, shujaa wa upinde, na mshairi mkubwa. Wataalamu hawajakubaliana karne aliyoishi, lakini pwani nzima ya kaskazini inamjua, na pale Kipini watu huonyesha mahali wanapoamini ndipo alipozikwa. Utenzi unaomsimulia ambao unajulikana zaidi umetufikia kwa mkono wa Muhamadi Kijumwa wa Lamu, mwaka 1913.

Mfalme alimwogopa kwa sababu watu walimpenda. Akamfunga. Liyongo akiwa gerezani alimtuma kijakazi Saada kwa mama yake, kwa mafumbo ya shairi ambayo walinzi hawakuyaelewa, kwamba aoke mkate wa wishwa na ndani yake atie tupa. Walinzi waliupuuza mkate wa makapi, ukamfikia. Siku hiyo mjini palikuwa na ngoma ya gungu, na kishindo cha ngoma na kuimba kikafunika sauti ya tupa ikikata pingu. Akatoka.

Kwa silaha za kawaida hakuuawa. Mfalme akamrubuni mwanawe, akamwahidi makubwa, na kijana akaijua siri: ni sindano ya shaba tu, ikichomwa kitovuni. Alimchoma akiwa amelala. Liyongo aliamka, akachukua upinde, akaenda akapiga goti karibu na kisima na kuutega mshale, na roho ikamtoka akiwa hivyo. Kwa siku kadhaa watu wa mji hawakuthubutu kuteka maji, wakidhani yu hai na amekasirika. Na yule kijana hakupata hata kimoja alichoahidiwa.

Sasa angalia. Liyongo ndilo lililokuwa jina lake. Fumo ni heshima tu aliyopewa, na heshima hiyo waliivaa wengi baada yake ambao hawakuguswa na watoto wao. Hadithi yenyewe hailaumu jina, inalaumu tamaa ya mfalme na wepesi wa kijana kudanganyika. Mheshimu nyanya, usibishane naye, lakini usiogope. Muombe akusimulie hadithi yote kabla hujajifungua. Huenda anaijua kwa namna ambayo haijaandikwa, na hiyo ni hazina. Irekodi kwenye simu.

Je, Mwislamu anaruhusiwa kumpa mtoto jina lisilo la Kiarabu? Na hili la “mkuu” si kujikweza? (Msomaji, Tanga)

Masheikh wengi wamelijibu hili: kinachoangaliwa ni maana njema, si lugha. Kilichokatazwa kwenye hadithi ya Mtume iliyopokewa na Bukhari na Muslim ni mtu kujiita mfalme wa wafalme, kwa kuwa huyo ni Mwenyezi Mungu peke yake. Fumo haifiki huko. Ni kama Amir, jina ambalo Waislamu huwapa watoto wao bila wasiwasi. Tena Pate ulikuwa mji wa misikiti na wanazuoni, na jina hili lilitumika humo kwa karne nyingi likiambatana na Bakari, Omari na Madi, ambaye ni Muhammad. Ukitaka utulivu zaidi wa moyo, muulize sheikh wako wa karibu.

Kama lilikuwa na heshima hivyo, limepoteaje? (Mwalimu wa historia, Nairobi)

Nadhani limepotea kwa sababu kiti chake kilivunjwa. Pate ilishindwa na Lamu katika vita vya Shela, mwanzoni mwa miaka ya 1810, na nguvu ya mji haikurudi. Tawi la Wanabhani lililopinga utawala wa Zanzibar likahamia bara, Witu, chini ya Ahmed aliyeitwa Simba. Witu ikawa pia kimbilio la watumwa waliotoroka mashamba ya pwani. Simba alifariki mwaka 1889, akafuata Fumo Bakari.

Wajerumani walikuwa wameuweka mji huo chini ya ulinzi wao tangu 1885. Mwaka 1890 wakawapa Waingereza, katika mapatano yale yaliyowapa Wajerumani kisiwa cha Helgoland, na Fumo Bakari hakuulizwa. Septemba mwaka huo Wajerumani kadhaa waliuawa Witu. Oktoba manowari za Uingereza zikashusha askari, mji ukachomwa. Fumo Bakari alikimbilia msituni na kufariki mapema mwaka 1891. Upinzani uliendelea kidogo, lakini Fumo wa kukaa barazani na kuamua mashauri hakuwapo tena. Watu huwapa watoto majina ya wanaowaona wakiheshimiwa. Vizazi viwili vitatu bila kumwona Fumo, jina linabaki kwenye tenzi.

Ningependa wanafunzi wako waisome habari ya Witu. Haipati nafasi inayostahili.

Tunaishi Italia. Hapa fumo ni moshi. Tumwite au tusimwite? (Wazazi, Bologna)

Msimwite kwa jina la kwanza. Kwa Kireno nako ni hivyo hivyo. Mtoto wa darasa la kwanza hawezi kuwaeleza wenzake historia ya Pate kila siku, na watamchosha. Liwekeni katikati, baina ya jina lake na la baba, na nyumbani mwiteni hivyo. Akikua atachagua mwenyewe.

Je, msichana anaweza kuitwa Fumo? (Msomaji, Lamu)

Mimi nalijua kwa wanaume. Wanawake wa miji hiyo heshima yao ilikuwa Mwana: Mwana Khadija aliyekuwa malkia wa Pate katika karne ya 18, na Mwana Kupona, mtunzi wa utenzi wa 1858 aliomuusia binti yake. Mwana lafaa sana kwa binti, nalo linahitaji kurudishwa vilevile.

Linaandikwaje, na je, ni Liongo au Liyongo? (Mkunga, Kilifi)

F-u-m-o, mkazo kwenye FU. Wazazi waliandike wenyewe kwa herufi kubwa kwenye fomu ya cheti cha kuzaliwa, kwa sababu karani asiyelijua ataweza kuandika Fumu au Fuma. Liyongo na Liongo ni mtu yule yule. Vitabu vya zamani vina Liongo, wengi leo wanaandika Liyongo.

Nimeshaamua kumwita Fumo. Nimuunganishe na jina gani? (Baba, Dar es Salaam)

Lipange mbele, mahali pake pa asili: Fumo Bakari, Fumo Omari, Fumo Ali. Likitanguliwa na jina refu linamezwa. Na kama babu yake mtoto yu hai, mpe yeye achague hilo la pili.