Modi za Skyrim kwenye Steam Deck bila kompyuta nyingine

Unauliza kama unaweza kuweka modi, yaani nyongeza za mchezo, kwenye Skyrim ukiwa na Steam Deck tu, ile kompyuta ya mkononi ya kuchezea michezo. Inawezekana kabisa, kaka. Kama unataka silaha na mavazi mapya tu, menyu ya Creations iliyo ndani ya Skyrim Special Edition inatosha, wala huna haja ya kuhangaika. Kazi ipo kwa modi zinazodai SKSE (Skyrim Script Extender), programu ya ziada inayoupa mchezo uwezo zaidi wa skripti, yaani msimbo unaoendesha mambo ndani ya mchezo. Ingia Desktop Mode, yaani hali ya Steam Deck inayofanya kazi kama kompyuta ya kawaida, weka faili za SKSE kwenye folda ileile yenye SkyrimSE.exe, kisha uanzishe mchezo kwa skse64_loader.exe. Toleo la SKSE lazima lilingane na la mchezo, kwa hiyo Bethesda, watengenezaji wa mchezo, wakitoa sasisho usilikimbilie. Halafu, tafadhali, usiondoe modi yenye skripti ukiwa katikati ya mchezo. Sevu yako, yaani faili la mchezo uliouhifadhi, inaweza kuharibika. Weka nakala kwanza.