Filamu inayokaa eda

Mhariri,

Wiki hii mmetuuliza wasomaji: kama mtu amevunjika moyo na anaogopa kupenda tena, ungempa filamu gani, na kwa nini? Mimi ningempa Queen, filamu ya Kihindi ya mwaka 2014 iliyoongozwa na Vikas Bahl, Kangana Ranaut akiwa mhusika mkuu. Lakini nisingempa siku ile ile aliyoachwa, na hapo ndipo jibu langu linaporefuka.

Niliachwa miaka saba iliyopita, hapa hapa Unguja. Talaka moja ya karatasi, iliyoletwa na mdogo wa mume wangu wakati wa alasiri, nami naanua nguo. Nikarudi mitaa ya Ng'ambo kwa khalati yangu, dada yake mama, na begi moja na mtoto wa miaka minne. Talaka ikiwa ya kwanza au ya pili, mume anaweza kumrejea mkewe wakati wowote kabla eda, ule muda wa mwanamke kungoja kabla ya kuweza kuolewa tena, haijamalizika, kwa hiyo kila pikipiki iliyosimama nje ilininyanyua kichwa. Wanaotazama kwa nje hudhani mwanamke wa eda amekaa tu kitako. Mimi eda yangu niliikaa nikisikiliza mlango.

Khalati ni mtu wa sinema. Ujana wake ulipita kwenye majumba ya sinema ya Cine Afrique na Majestic, enzi ambazo watu wa mjini walivaa vizuri na kujitia manukato kwenda kuangalia filamu za Kihindi, na mpaka leo anaimba nyimbo za zamani mwanzo hadi mwisho bila kujua maana ya neno moja. Nilidhani ataniwekea filamu tangu usiku wa kwanza. Hakuniwekea. Alinipikia uji, akanichukulia mtoto, akaniacha nilie. Nilipomuuliza mbona televisheni imezimwa, alinijibu kuwa jicho lililojaa maji halisomi maandishi. Mwezi wa pili ukaingia. Usiku mmoja baada ya sala ya isha akachomeka flashi na kuniambia, "Njoo ukae hapa, mwanangu."

Ilikuwa Queen. Rani, mhusika wake mkuu, ni binti wa muuza vitamu wa Delhi, mtaa wa Rajouri Garden. Hina iko mikononi, nyumba imejaa jamaa, zimebaki siku mbili harusi ifanyike. Mchumba wake Vijay anamwita mkahawani na kumwambia hataki tena kuoa. Yeye amekwenda London na amebadilika, Rani ni yule yule. Rani anamsihi, mwisho anarudi nyumbani na kujifungia chumbani. Akitoka huko ana ombi moja kwa wazazi wake: tiketi za fungate zimeshakatwa, Paris na Amsterdam, basi wamruhusu aende peke yake.

Fungate ya mtu mmoja! Khalati alisimamisha filamu hapo akanitazama usoni kuona kama naweza kuendelea. Nilimwambia aendelee.

Kilichonishika si safari. Filamu nyingi humsafirisha mwanamke aliyeumizwa, akashuka kwenye ndege tayari anacheka. Rani anashuka na kilio chake. Paris haimpokei kwa mikono miwili, mwizi anataka kumpora mkoba barabarani, naye anaushikilia kama roho yake. Chakula hakimuelei, lugha haijui. Anakutana na Vijayalakshmi, mfanyakazi wa hotelini mwenye damu ya Kihindi, anayevaa na kuishi namna ambayo Rani hajawahi kuiona, na ndiye anayemshika mkono. Usiku mmoja Rani amelewa, anasimulia yale aliyoyaacha kwa ajili ya Vijay. Alikuwa akimkataza kucheza ngoma mbele za watu. Alimkatalia kazi. Rani anayataja moja moja, na unaona kabisa kwamba ndiyo mara ya kwanza anayasikia mwenyewe.

Mimi nilikuwa nikishona. Kabla ya ndoa nilikuwa na cherehani na wateja wangu wa sikukuu, na baada ya ndoa niliambiwa mke wa mtu hapimi wageni. Cherehani ikauzwa. Kwa miaka sita sikuihesabu hiyo kuwa ni hasara. Usiku ule, mbele ya Rani, nikaihesabu.

Amsterdam analazimika kulala chumba kimoja na wanaume watatu, Mrusi, Mfaransa na Taka wa Japani. Anaogopa, na haki yake kuogopa. Kidogo kidogo wanakuwa ndugu. Taka, anayewachekesha wote, kumbe wazazi wake walichukuliwa na tsunami. Yuko pia Marcello, Mtaliani mwenye mgahawa, na hapo unaanza kungojea kwamba huyu sasa ndiye. Filamu inakuacha ungoje. Rani na wenzake watatu wanashiriki shindano la kupika, anatengeneza golgappa, zile puri ndogo kavu za unga zinazotiwa viazi na maji makali ya uchachu. Aliyewahi kula urojo pale Forodhani ataujua uchachu huo bila kuelezwa. Watu wananunua, na Rani anahesabu pesa iliyotoka katika mikono yake mwenyewe. Kwa Marcello anaondoka akiwa rafiki. Filamu haimpi mume mpya. Kangana Ranaut alipewa Tuzo ya Taifa ya India kwa uigizaji ule, na kwangu anaistahili kwa uso wa Rani tu pale anapohesabu zile pesa.

Na Vijay? Anarudi. Ameona picha yake, amevaa vingine, anang'aa, sasa anamtaka. Rani anafika mpaka nyumbani kwa kina Vijay, anamrudishia pete, anamkumbatia, anamwambia asante, anaondoka barabarani akitabasamu.

Wiki tatu baada ya eda yangu kwisha ulikuja ujumbe wa simu. Anataka turudiane, atafunga ndoa upya, atatoa mahari. Nilikuwa nimeshaitazama Queen mara mbili. Sikuwa na pete ya kurudisha. Nilimjibu, "Asante. Mtoto utamchukua kila Ijumaa baada ya sala." Mkono ulitetemeka, lakini niliutuma.

Basi kipimo changu cha filamu za namna hii ni kimoja: je, imekaa eda? Nyingi hazikai. Dakika ya ishirini moyo umevunjika, ya thelathini mvua inanyesha na mwanaume mwingine amesimama na mwavuli. Filamu zetu za Bongo nilizoziona zina njia nyingine ya mkato, yule mume aliyeacha anafilisika au anaugua, anarudi kupiga magoti, na tunaambiwa huo ndio ushindi wa mke. Mimi sikutaka mtu augue. Nilitaka kulala usiku mzima.

Nyingine iliyokaa eda ni The Lunchbox ya Ritesh Batra, ya mwaka 2013. Pale Mumbai kuna wabebaji wa chakula, dabbawala, wanaochukua vyakula majumbani na kuvipeleka maofisini. Chakula cha Ila, aliyekuwa akikipika ili kumrudisha mumewe aliyempoa, kinafika kwa makosa mezani kwa Saajan, mgane anayekaribia kustaafu, ambaye Irrfan Khan amemuigiza kwa utulivu mpaka unasikia anavyomeza tonge. Ila anaandika barua, Saajan anajibu kwa mara ya kwanza: chakula kilikuwa na chumvi nyingi. Mapenzi yanaanzia kwenye chumvi. Ila ana jirani wa ghorofa ya juu, Mama Deshpande, ambaye hatumwoni hata mara moja, tunasikia sauti yake na kuona kikapu anachoteremsha kwa kamba chenye viungo. Saajan naye usiku anaangalia kanda za kipindi cha televisheni alichokipenda marehemu mkewe. Wakikubaliana kuonana, anafika mgahawani, anamwona Ila alivyo kijana, na hamwendei. Anakaa mbali akimtazama akingoja. Nililia pale kuliko nilivyolia kwenye Queen, kwa sababu Saajan hana kosa na Ila hana kosa. Na mwisho wameuacha wazi, jambo linalowaudhi wengi. Mimi naona ni heshima kwao wote wawili.

Kwetu Unguja mjane ni aliyefiwa na pia aliyeachwa, neno moja kwa wote wawili. Zamani sikuipenda hali hiyo. Baada ya kumwona Saajan na Ila wakiandikiana, mmoja kafiwa, mwingine anaachwa polepole ndani ya nyumba yake mwenyewe, nilielewa kuwa lugha yetu imeona kitu hapo.

Waiting to Exhale ya 1995, aliyoiongoza Forest Whitaker, watu huikumbuka kwa moto, Angela Bassett akijaza nguo za mume ndani ya gari na kulitia kiberiti. Nimeielewa hasira ile. Lakini ninayoirudia mimi ni sehemu nyingine, ya hotelini, anapokutana na mwanaume ambaye mkewe anaumwa na hatapona. Wanalala na nguo zao, wameshikana tu, mpaka asubuhi.

Na kwa wanaotaka ya nyumbani, ipo Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, ya 2021, kutoka kwenye riwaya ya Adam Shafi. Yasmin anamtoroka mume mzee aliyeozwa naye, katika Unguja ya wakoloni. Wengi huizungumzia kwa mapenzi yake na Denge, mpigania uhuru. Mimi namtazama Mwajuma, rafiki anayempokea milango mingine ikiwa imefungwa. Bila kitanda cha Mwajuma, Denge angempendea wapi?

Mimi niliolewa tena, baada ya miaka mitatu. Nilikuwa nimeshanunua cherehani nyingine. Akaja mwalimu mmoja, mgane, na gauni la marehemu mkewe, anaomba nilipunguze limfae binti yao siku ya Idi. Alilikunjua taratibu mezani kama mtu anayefunua mtoto aliyelala. Nilishona kwa mkono ule upindo, mashine niliona itakuwa na kelele mno. Tulizungumza mambo ya nguo kwa karibu mwaka mzima kabla ya kuzungumza jingine.

Wiki tatu zilizopita binti wa dada yangu ameletwa nyumbani kwa khalati. Ana miaka ishirini na nne. Analala mchana, usiku yuko macho, simu kaiweka karibu na sikio. Flashi yenye Queen iko kwangu, kwenye droo ya nyuzi na sindano. Jana nilikwenda nayo mfukoni. Khalati, ambaye sasa macho yamempungua, aliniuliza jikoni kwa sauti ya chini kama nimekuja nayo. Nikamwambia ndiyo. Akasema, "Bado, mwanangu. Mkoroge uji kwanza."