Barua kwa mwanangu aliyeko Burlington

Mwanangu mpenzi,

Ujumbe wako wa sauti wa Jumapili nimeusikiliza mara tatu, ya mwisho usiku baada ya isha. Unasema majirani zako wanataka uchukue fomu ya udiwani, nawe unauliza: "Mama, uraia nimeupata juzi tu, nikifungua mdomo wanajua sikuzaliwa hapa. Nina haki gani ya kuwaomba kura wenye nchi?"

Nilifundisha historia miaka mingi na bado mdomo unaniwasha, kwa hiyo univumilie. Jibu lako liko hapohapo ulipo, katika jimbo la Vermont, Marekani.

Palikuwa na kijana wa Ireland, Matthew Lyon, mzaliwa wa Wicklow, 1749. Alivuka bahari 1764 akiwa na miaka 15 hivi, nauli hana. Enzi zile asiye na nauli alifungwa mkataba: meli ikitia nanga, kazi ya mikono yake inauzwa, naye anamtumikia mnunuzi mpaka deni liishe. Alipelekwa Connecticut, na bwana wake wa kwanza akaja kumhamishia kwa mwingine kwa bei ya mafahali wawili. Mtoto wa watu, mwanangu, kabadilishwa na ng'ombe! Jambo kama hilo wengine wangelificha mpaka kaburini. Yeye alilifanya kiapo. Akitaka aaminiwe, aliapa kwa mafahali waliomkomboa.

Mkataba ulipokwisha alihamia Vermont, akaanzisha mji wa Fair Haven: mashine ya kupasulia mbao, kiwanda cha chuma, hata karatasi alitengeneza kwa magome ya mti. Wakulima wadogo walimchagua mara kwa mara katika baraza la wawakilishi la Vermont. Aligombea Bunge la Marekani akashindwa zaidi ya mara moja kabla ya kuingia 1797. Wabunge walikuwa na desturi ya kwenda kwa msafara nyumbani kwa Rais kumpa heshima. Lyon aliomba asamehewe. Kwake hayo yalikuwa mambo ya kifalme, na watu hawakuwa wamemwaga damu kujitoa kwa mfalme wa Uingereza ili warudie ufalme.

Walimcheka. Januari 1798 mbunge mmoja, Roger Griswold, alimkejeli kuhusu siku zake za jeshini, Lyon akamtemea mate usoni mle mle bungeni. Wiki mbili baadaye Griswold akamvamia kwa fimbo, naye akakamata koleo la kuchochea moto. Hapo simtetei, wala sitaki kusikia wewe umefanya hivyo, watakusema vyovyote watakavyo.

Mwaka huohuo serikali ilipitisha sheria mbili ambazo ungezijua kwa harufu tu. Moja iliongeza miaka ya mgeni kungojea uraia kutoka 5 hadi 14. Nyingine, ya uchochezi, ilifanya kumsema Rais vibaya gazetini kuwa jinai. Lyon alikuwa ameandika barua akimtuhumu Rais John Adams kwa tamaa na kupenda makuu. Aliiandika kabla sheria haijatiwa saini, lakini ilichapishwa baadaye, na hilo likatosha. Oktoba alihukumiwa miezi minne jela na faini ya dola 1,000, gharama za kesi mbali. Hakimu aliyempa hukumu, William Paterson, naye alizaliwa Ireland! Hilo nalo uliweke moyoni, maana najua umeshaanza kuhesabu kura za wenzako waliotoka huku kwetu.

Alifungwa Vergennes, kusini ya hapo ulipo. Chumba kidogo alichochangia na wafungwa wengine, choo mle mle, dirisha halina kioo na baridi ya Vermont unaijua wewe kuliko mimi. Humo ndimo alimoandikia barua wapiga kura wake. Desemba, uchaguzi uliporudiwa, wakamchagua tena akiwa bado ndani. Watu walichanga faini yake, na Februari 1799 akatoka, akaenda moja kwa moja kukaa kwenye kiti chake. Wapinzani wakataka afukuzwe, kura hazikutosha. Miaka miwili baadaye, uchaguzi wa Rais ulipokwama bungeni raundi 35, katika ile ya 36 kura ya Lyon ndiyo iliyoipeleka kura ya jimbo la Vermont kwa Thomas Jefferson, akawa Rais.

Baadaye alihamia Kentucky, na huko pia wakamchagua, kwanza baraza la jimbo, kisha Bunge la Marekani. Alifariki 1822. Mwaka 1840 Bunge likawarudishia warithi wake ile faini pamoja na riba.

Sasa unaniuliza haki umeitoa wapi. Wanaokuomba usimame ni wenye nchi pia, na hawakukuuliza ulizaliwa wapi. Lafudhi yako ni ya mama yako. Sijaona aibu yake. Kama ni woga wa kushindwa, huo tuuzungumze, huo naufahamu.

Niambie tu fomu zinafungwa lini.

Mama yako,
Tanga